Uzi: Ukuta nilioujenga mwenyewe, na jirani niliyemjua siku ya turubai

#1 Mleta uzi

Wakuu, habari za jioni. Uzi ni mrefu, mnivumilie. Mwenye haraka apite salama.

Nakaa Dar, upande wa Goba. Jumatano ya wiki iliyopita nimerudi kazini saa mbili usiku nikakuta turubai la bluu limefungwa kwa jirani, viti vya plastiki vimepangwa mpaka mbele ya geti langu, wanaume wamekaa kimya. Nikazima gari palepale njiani. Kijana mmoja alikuwa anashusha kuni, nikamuuliza, "Nani?" Akanijibu, "Mzee mwenye nyumba."

Hapo ndipo nilipojua kwamba jirani yangu, ambaye dirisha la chumba chake na la changu havijaachana hata hatua kumi na tano, alikuwa anaumwa figo kwa miezi minane na anapelekwa kusafishwa damu mara tatu kwa wiki. Mara tatu kwa wiki, wakuu. Gari lilikuwa linamfuata alfajiri, nalisikia likiunguruma, nageukia upande wa pili nalala. Nilidhani mzee anawahi foleni.

Nilishinda pale msibani siku tatu. Watu wananipa mkono, "Pole sana jirani," na kila nikiitwa jirani naona aibu.

Kati yetu kuna ukuta. Nimeujenga mimi, mwaka 2018, baada ya kuibiwa pampu ya maji na nguo zote kambani. Tofali za nchi sita, kozi kumi na moja, na juu nikamwambia fundi apachike vipande vya chupa. Siku fundi anavuta kamba marehemu alitoka, akasimama upande wake, akaitazama ile kamba kwa muda, akasema, "Jirani, umeingia kwako nusu futi. Mimi sina neno." Akarudi ndani. Sikulitia maanani. Sasa naona kwamba yule mzee alitoka kuonyeshwa mpaka kama ilivyo haki yake, na mimi sikuwa nimemwita.

Kinachoniumiza zaidi ni kwamba sikulelewa hivyo. Mimi ni wa Uru, Moshi. Kwetu mpaka wa kihamba, yaani shamba la ukoo linalozunguka nyumba, ni masale. Kwa wasioyajua, ni mmea wa majani marefu yanayong'aa, shina lake kama fimbo. Unakata kipande, unachomeka ardhini, kinaota. Masale hayamzuii mtu, hata kuku anapita katikati. Yanaonyesha tu kwamba hapa pameishia pangu. Na mmea huohuo ndio mtu anaoushika akienda kuomba msamaha. Ukishapelekewa sale, mila inakutaka umsikilize aliyekukosea na umsamehe. Makaburi ya wazee kihambani nayo yanapandwa masale. Utotoni niliyaona kama majani ya kawaida, tunayakata tunachezea.

Kila mwaka kabla ya masika, baba na jirani yetu wa chini walikuwa wanautembea mpaka mzima, mmoja huku, mwingine kule, wanachomeka masale mapya pale yalipokufa. Walikuwa wanabishana kwelikweli. "Hapa umenivuta." "Sijakuvuta, jiwe si hili hapa?" Mama anatusukuma sisi watoto tusisikilize. Mwisho wake wanakaa chini ya mgomba na mbege, pombe yetu ya ndizi. Mwaka ambao hawakuelewana, walinuniana mpaka siku ya kusafisha mfongo, mfereji wa maji ya mashamba, maana maji yale yanapita kwetu ndiyo yafike kwake, na mfongo husafishi peke yako.

Nimeliwaza jambo hili tangu tumezika. Masale yanakufa, yanahama, yanataka watu wawili wakutane angalau mara moja kwa mwaka, hata kwa kugombana. Ukuta wangu haujanidai kitu tangu 2018. Haujawahi kunipa sababu ya kusema "hodi" kwa yule mzee.

Nataka kuutoboa. Niweke mlango mdogo kati ya uwanja wangu na wao, mama aliyebaki asiwe peke yake. Mke wangu ameniambia nisikurupuke, niulize kwanza. Ndiyo nauliza. Na mwenye habari ya mpaka wa kwake, unaoonekana au usioonekana, aiweke hapa.

#2 Mpangaji wa Tandale

Pole sana kaka. Mimi nakupa ya upande wetu, tusio na ukuta.

Nimepanga vyumba vya nyumba za Kiswahili miaka kumi na nne. Nyumba unazijua: korido katikati, vyumba huku na huku, uani kuna choo kimoja, bafu moja na bomba moja. Familia sita. Usidhani kwa kuwa tunasikiana hata tukikohoa basi hatuna mipaka. Mipaka ni mingi kuliko ya Goba, ila hakuna atakayekuandikia. Unaijua kwa kuikosea.

Pazia la mlangoni likiwa limefungwa fundo, mtu yupo na unaweza kusimama ukaomba chumvi. Likishuka, hata kama unasikia redio, pita. Ukipita penye jiko la mwenzio hutazami sufuria. Kama anapika maharage siku ya tatu mfululizo, hilo hulijui. Ufagio wako unaishia usawa wa kizingiti cha jirani. Ukivuka ukamfagilia bila kuambiwa unamwambia ni mchafu, ukiishia kabla unamwambia mmegombana. Ndoo zinavyopangwa foleni bombani ndivyo zinavyochota, hata mwenye ndoo akiwa amelala.

Na LUKU! Mita moja, watu sita. Mwenye friji anatoa zaidi, mwenye pasi anabishaniwa. Nimeona watu waliosaidiana uzazi wakaacha kusalimiana kwa ajili ya buku mbili za umeme.

Lakini nikuambie ukweli. Mume wangu alipopata ajali usiku, sikugonga mlango wa mtu. Nililia tu, milango yote sita ikafunguka. Wewe mlango huo mdogo uweke.

#3 Mpwani

Assalamu alaikum. Mwenyezi Mungu amrehemu marehemu.

Mimi asili yangu Lamu, sasa naishi Unguja. Nataka kuutetea ukuta kidogo. Kwetu kuta ni nene, za mawe na chokaa, na njia ni nyembamba, punda wawili wenye mizigo wakikutana mmoja arudi nyuma. Kwa nje huoni kitu. Lakini nyumba ya kale ya Lamu imepangwa hatua kwa hatua: kwanza daka, pale mlangoni penye viti vya kujengewa, mgeni yeyote anakaa na anapewa kahawa; kisha kiwanda, uwanja wa ndani; kisha msana wa tini na msana wa yuu, kumbi mbili, wa chini na wa juu, halafu ndipo ndani penyewe. Mtu anajulikana ni nani kwako kwa pale anapofikia. Kuna waliomjua babu yangu miaka arubaini na hawakuvuka daka, na walikuwa wapenzi wake wa damu.

Na hodi ni mara tatu. Usipoitikiwa, unarudi, wala huweki kinyongo. Sura ya An-Nur, aya ya 27 na 28, imesema wazi kwamba ukiambiwa rudi, basi rudi. Na ukipiga hodi unasimama ubavuni mwa mlango, hujiweki usawa wake ukaangaza macho ndani.

Sasa hilo la mlango si geni. Kwetu kuna wikio. Ni chumba kinachojengwa juu ya njia, kinaunganisha nyumba mbili ghorofani. Chini watu na punda wanapita, juu wanawake wanavuka kwa jamaa zao bila kushika njia. Bibi yangu alikuwa akivuka wikio kwa dadake usiku na mchana. Lakini wikio hujengwa na nyumba mbili zilizokubaliana. Hakuna aliyeamka asubuhi akatoboa ukuta wa mwenzake kwa huruma.

Nikuulize, ndugu yangu: huyo mjane ni Muislamu? Kama ndiye, yuko edani, miezi minne na siku kumi. Usiende wewe ukamtaka mazungumzo. Mpeleke mkeo.

#4 Binti wa Rombo

Mleta uzi, nimesoma habari ya masale nikakaa kimya muda mrefu. Mimi pia ni wa mlimani. Naomba usiyapambe.

Baba alifariki 2009. Jirani yetu, ambaye pia ni wa ukoo, alianza kusogeza masale masika ya kwanza tu. Hatua moja. Masika yanayofuata, hatua nyingine. Yanachomekwa usiku, mvua inanyesha, kufika Juni yameota na mtu anakuapia kwamba yalikuwa hapo tangu babu. Mama alipoteza mistari minne ya kahawa kwa namna hiyo. Na kila Desemba, watu wakishapanda mlimani kutoka mjini, jirani anakuja na mzee na sale mkononi. Mama anasamehe, afanyeje mbele ya ukoo mzima? Masika, masale yanahama tena.

Kilichomwokoa ni makaratasi na zege. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, namba 5 ya 1999, inatamka kuwa mila inayomnyima mwanamke haki ya ardhi ni batili. Tulianza Baraza la Ardhi la Kijiji, lenye wajumbe saba na watatu kati yao wanawake, na niamini, wale watatu ndio waliouliza maswali ya maana. Walimtaka jirani aeleze imekuwaje visiki vya kahawa aliyopanda baba viko upande wake. Hakuwa na jibu. Leo mama ana hati ya hakimiliki ya kimila na bikoni za zege kwenye kona zote. Hazungumzi na yule jirani. Ila analala.

Mpaka unaotegemea watu wawili ni mzuri pale watu hao wanapolingana nguvu. Baba yako na jirani yake walikuwa wanaume wawili wenye sauti. Mama yangu alikuwa mjane.

#5 Mleta uzi

Dada wa Rombo, nimekusoma mara mbili. Umenisahihisha na nakubali. Hao walilitumia sale kumziba mama yako mdomo. Huko nyumbani nilikuwa naona ubishi wa baba tu, sikuwahi kujiuliza wajane wa kijiji walikuwa wanabishana na nani.

Na linanirudia mimi. Jirani yangu sasa ni mjane. Mimi ndiye mwenye ukuta, mwenye gari, mwenye wazo la mlango. Nikimwambia, anaweza kunikubalia kwa sababu tu hana pa kukatalia.

Mpwani, ndiyo, ni Muislamu. Nilikuwa nimesahau kabisa habari ya eda. Ahsante.

#6 Mpima ardhi

Kwa ufupi. Kama mtaa wenu unaingia kwenye urasimishaji, yaani viwanja kupimwa na kupewa hati, majirani huitwa wote na kila mmoja anasaini kwamba mpaka ni huu. Hiyo nusu futi uliyoingia kwako bado ni yako. Ukuta na mpaka ni vitu viwili. Mkikubaliana mlango, andikeni kwa mkono na mshuhudie serikali ya mtaa kwamba ni mlango wa ujirani, haugeuki njia. Siku mojawapo kati yenu akiuza, mnunuzi asije akadai haki ya kupita. Nimeona kesi za namna hii zikila miaka.

#7 Niliyekuwa dada wa kazi

Nyote mnaongelea mipaka ya nje. Mimi naomba niseme wa ndani ya nyumba.

Nilitoka Singida nikiwa na miaka kumi na sita kuja kufanya kazi za ndani. Mama mwenye nyumba hakuwahi kunipiga wala kunitukana, mshahara alinipa. Alikuwa mtu wa sala. Lakini kabatini kulikuwa na vikombe vya udongo vyenye maua, na pembeni ya sinki kulikuwa na kikombe cha plastiki cha kijani, na sahani ya bati. Hakuna aliyeniambia ni vyangu. Siku ya kwanza alinitilia chai ndani yake, basi. Nilikaa miaka mitano. Nimevipangusa vile vya maua maelfu ya mara, sijanywea hata kimoja, hata siku walizosafiri wote nikabaki peke yangu.

Sebuleni nilikuwa naangalia tamthilia nimesimama mlangoni, ufagio mkononi, ili akigeuka aone nafanya kazi. Mtoto wao wa mwisho nimemlea tangu ana wiki mbili. Siku moja alinivuta mkono, "Dada kaa," akanipigia kiti. Mama yake alikuwa palepale. Hakusema kitu. Na mimi sikukaa.

Sasa nina nyumba yangu na nina binti anayenisaidia. Vikombe vyote ni vya aina moja, nilinunua dazeni makusudi. Lakini nakiri wiki ya kwanza alikinywea chai kimoja na mkono wangu ulitaka kukitenga. Niliuona mkono wangu mwenyewe.

#8 Wa Taveta

Huku kwetu Taveta, Kenya, mpaka na Tanzania ulichorwa na watu wasiotujua. Mwaka 1886 Uingereza na Ujerumani walikubaliana mstari kutoka mdomo wa mto Umba, kule pwani, ufike Ziwa Jipe, uzunguke Kilimanjaro kwa kaskazini, uende hadi ziwa kubwa la Victoria. Ndiyo maana unapinda mlimani. Ile hadithi ya mlima kupewa mtu kama zawadi ya siku ya kuzaliwa si kweli, japo tumefundishwa wengi.

Nyanya yangu alizaliwa upande wa Holili akaolewa Taveta. Alikuwa anaita kwao "kule juu", hakuita Tanzania. Februari 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ikivunjika, mpaka ukafungwa, ukaja kufunguliwa Novemba 1983. Karibu miaka saba. Ndani ya miaka hiyo ndugu yake mmoja alikufa. Alikwenda kumzika usiku kwa njia za panya, akiwa amebeba mkungu wa ndizi kichwani ili akikamatwa aonekane mchuuzi, maana mchuuzi huchukuliwa ndizi tu na kuachwa, lakini mtu wa kwenda matangani anaulizwa maswali mengi.

Siku hizi tuna kituo cha pamoja cha forodha tangu 2016, unagongewa mara moja unapita. Mambo ni mepesi. Lakini vijana wetu wa huku na wa kule wameanza kuitana "Wakenya" na "Watanzania" hata wakiwa binamu. Nyanya hakuwahi kulitumia neno hilo kwa ndugu, hata mpaka ulipofungwa. Kufunguliwa kwa geti hakukuwarudisha. Hilo ndilo linalonisumbua, na sijui mtu analiondoaje.

#9 Mleta uzi

Wakuu, nimerudi. Wiki tatu zimepita, niliahidi moyoni kutorudi hapa bila jibu.

Mke wangu alikwenda Jumamosi na sufuria ya wali na mboga. Mimi nilimsindikiza mpaka kwenye baraza lao, nikakaa na kaka wa marehemu. Tuliongea habari za mvua. Ndani nilisikia sauti za wanawake, sikusikia maneno, na sikujaribu kuyasikia. Alikaa saa nzima na nusu.

Alipotoka hatukuongea mpaka tulipofika kwetu. Akaniambia yule mama alimwuliza jina la mtoto wetu wa pili, anayesoma kitabu kwa sauti jioni pale nyuma, karibu na tangi la maji. Marehemu alikuwa mwalimu mstaafu. Miezi ile amelala, dirisha linaachwa wazi kwa ajili ya joto, mtoto akisoma upande wa pili na akikosea neno, mzee alikuwa anamsahihisha palepale kitandani, kwa sauti ya chini. Mtoto akirudia akapatia, anasema, "Ehee." Mama alikuwa akicheka naye. Walikuwa hawamjui jina, wakamwita "mwanafunzi".

Nilitoka nje nikakaa kwenye lile tangi.

Kuhusu mlango, mke wangu alimpa habari kama mlivyonielekeza, akamwambia kukataa ni haki yake na hakuna atakayenuna. Jibu lake nalinukuu kama nilivyoletewa: eda iishe kwanza, ndugu zake waje waone, kisha fundi aje. Mlango uwe usawa wa bomba lake, usiwe usawa wa dirisha la chumba. Chupa zitoke sehemu ile tu, kwingine ziache, maana wezi bado wapo. Na komeo liwe pande zote mbili, lake na letu.

Nimeshaongea na fundi. Anasema atakata kozi nane, aweke lenta yenye nondo mbili. Makomeo nimenunua leo, mawili, ya aina moja. Jioni nimempelekea mwanangu kitabu kingine, nimemwambia asomee palepale.